Kwa nini mamothi wa Siberia ana nyama na manyoya, na tembo wa kale wa Olduvai amegeuka jiwe?

Swali: Msomaji wa Karatu anayeongoza wageni kwenda Olduvai anauliza: "Wageni huniuliza kwa nini mamothi wa Siberia wanapatikana na ngozi, nywele na hata nyama, wakati tembo wa kale wanaochimbwa huku kwetu ni mifupa iliyogeuka mawe. Ni kweli mamothi waligandishwa ghafla wakiwa hai? Wanaoukuta mzoga wanafanya nini usioze? Umri wake unapimwaje? Na hivi vitu vya 'pembe ya mamothi' vinavyouzwa mtandaoni, mtu atajuaje kama si pembe ya ndovu wetu?"

Jibu: Nianze na hilo la kugandishwa ghafla, maana likibaki kichwani majibu mengine hayatakaa sawa. Hapana, mamothi, wale jamaa wa tembo wenye manyoya waliokwisha kutoweka, hawakugandishwa wakiwa hai. Mnyama mzima wa tani nne hadi sita, mwenye mafuta ya sentimita 8 hadi 10 chini ya ngozi na nywele za nje zinazofika sentimita 90, hapoi ghafla kwa baridi yoyote ya dunia hii. Ngozi itaganda, lakini tumbo litabaki na joto kwa siku kadhaa, na bakteria waliomo hawangoji.

Mzoga unaotajwa sana kuunga mkono hadithi hiyo ni ule wa Mto Berezovka, kaskazini-mashariki mwa Siberia, uliochimbwa mwaka 1901 na Otto Herz na Eugen Pfizenmayer. Ulikutwa na majani mdomoni, na watu wakasema kifo kilimkuta akitafuna. Lakini mamothi huyo alikuwa amevunjika nyonga, sehemu kubwa ya viungo vyake vya ndani ilikuwa imeoza kabla ya kuganda, na uvundo wake uliwatesa wachimbaji. Alianguka, akafukiwa na udongo uliomporomokea, akafa huku majani yakiwa bado kinywani. Nayo nyama ilikuwa chakula cha mbwa wa msafara. Hata ile simulizi ya karamu ya nyama ya mamothi iliyofanyika New York mwaka 1951 ilipimwa: kipande kilichohifadhiwa kilifanyiwa uchunguzi wa DNA, na matokeo yaliyotolewa mwaka 2016 yakaonyesha kuwa ni nyama ya kasa.

Kinachookoa mzoga kwanza ni matope. Barafu huja baadaye, ikalinda kile ambacho matope yamekibakiza. Halafu kuna awamu ya tatu, ambayo watu wengi hawaifikirii: siku chache za mwanzo baada ya mzoga kutoka ardhini. Mizoga mingi imeangamia hapo, baada ya kustahimili makumi ya maelfu ya miaka.

Tumwangalie Lyuba, ndama jike wa mamothi aliyepatikana Mei 2007 kando ya Mto Yuribei, rasi ya Yamal, kaskazini-magharibi mwa Siberia. Aliyemwona ni Yuri Khudi, mfugaji wa Kinenets anayechunga kulungu wa kaskazini. Lyuba ana uzito wa kilo 50 hivi, urefu wa sentimita 85 begani, na alikufa akiwa na umri wa kama mwezi mmoja, miaka 42,000 hivi iliyopita. Picha za CT, yaani eksirei zinazoonyesha ndani ya mwili tabaka kwa tabaka, zilionyesha matope yamejaa kwenye mkonga, kinywa na koo. Alizama kwenye tope laini, akavuta hewa, akavuta tope. Tope lile lilimfunika mara moja: mbweha hawakumpata, nzi hawakutaga mayai, na hewa ya oksijeni ilikatika. Ndani ya mwili wakazaliana bakteria watoao asidi laktiki, ileile inayogandisha mtindi. Nyama ikaingia uchachu, na bakteria waozeshaji wakashindwa kuishi humo. Ndiyo maana mto ulipomtoa, alilala juu ya ukingo karibu mwaka mzima bila kuliwa. Tumboni mlikutwa maziwa ya mama yake, na kwenye utumbo mabaki ya kinyesi cha mamothi mkubwa, kwa sababu ndama hula kinyesi cha mama ili kupata bakteria wa kusaga majani. Watoto wa tembo wetu wanafanya hivyo hivyo hadi leo.

Khudi alimwacha pale alipo na kwenda kutoa taarifa. Aliporudi na wataalamu, ndama alikuwa ameshahamishwa na kufikishwa nje ya duka la kijiji, ambako mbwa walitafuna sikio la kulia na sehemu ya mkia. Miaka 42,000 haikufanya kile ambacho mbwa wale walikifanya kwa muda mfupi.

Sasa ardhi yenyewe. Kaskazini mwa Siberia udongo umeganda kwenda chini mita mamia. Kiangazi huyeyuka tabaka la juu tu, kuanzia sentimita 30 hivi hadi kama mita moja, kisha huganda tena. Mzoga ukiishia ndani ya tabaka hilo la juu, utayeyuka kila mwaka na kuoza polepole. Lazima ufukiwe zaidi ya hapo. Enzi za mamothi upepo na mito vilikuwa vikileta vumbi na tope jipya mwaka hadi mwaka, na mpaka wa barafu ukawa unapanda juu pamoja na ardhi. Matuta ya namna hiyo huko Yakutia huitwa yedoma, na barafu huweza kuwa zaidi ya nusu ya ujazo wake.

Ndani ya barafu mwili haubaki kama ulivyokuwa. Maji hutoka kwenye misuli na kukusanyika pembeni kama vipande vya barafu, kwa hiyo nyama hukauka, hujikunja na kuwa ya nyuzinyuzi. Mafuta hubadilika kuwa kitu cheupe kinachofanana na sabuni ngumu. Nywele hudondoka kwa mafungu na kubaki kwenye udongo unaozunguka mzoga. Rangi ya kahawia-nyekundu inayoonekana kwenye picha nyingi si lazima iwe ndiyo ya awali, kwani rangi huchujuka ardhini. Na mizoga kamili ni ya kuhesabu. Kwa kila mmoja, ardhi hiyo hiyo imetoa maelfu kwa maelfu ya mifupa mitupu, magego na pembe. Siberia nayo ni nchi ya mifupa. Tofauti ni kwamba mfupa wake bado ni mfupa.

Hapo ndipo Olduvai inapoachana na Siberia. Mfupa hai una sehemu mbili: madini, na protini iitwayo kolajeni, ambayo ni kama asilimia 20 ya uzito. Kwenye baridi ya kudumu kolajeni hukaa makumi ya maelfu ya miaka, na ukikata mfupa wa mamothi kwa msumeno utasikia harufu ya pembe inayoungua. Olduvai ina joto, tena ina mvua na kiangazi kwa zamu. Joto huharakisha kila mmenyuko wa kikemia, na bakteria na kuvu humaliza kilichobaki. Kolajeni huisha, kisha maji ya ardhini yaliyobeba kalsiamu na silika hujaza vitundu vilivyoachwa wazi, na madini ya mfupa wenyewe hujipanga upya. Kinachobaki ni umbo, zito na baridi mkononi. Muda nao hautofautiani kidogo: tabaka la chini la Olduvai lina miaka takribani milioni 1.8 hadi 2, wakati mamothi wenye manyoya wote wanaofahamika hawafiki miaka milioni moja.

Usiwaambie wageni kwamba Siberia imebahatika na sisi tumekosa. Majivu ya volkano ya Olduvai yanapimwa umri kwa gesi ya argoni iliyomo ndani yake, tena kwa usahihi, hadi mamilioni ya miaka, jambo ambalo tope la yedoma haliwezi. DNA ya zamani kuliko zote ya mamothi, iliyotangazwa mwaka 2021, ilitolewa kwenye magego ya Siberia yenye zaidi ya miaka milioni moja, ya mamothi waliotangulia wale wenye manyoya. Olduvai haijatoa DNA ya umri huo. Lakini mifupa ya *Palaeoloxodon recki*, tembo wa kale wa Olduvai, Olorgesailie na Turkana, inatupa mfululizo wa magego unaoonyesha mabadiliko ya ukoo kwa zaidi ya miaka milioni mbili, na hilo nalo ni hazina. Waongezee hili, kwa sababu huwashangaza wengi: ukoo wa mamothi ulianzia Afrika, miaka kama milioni tano iliyopita, na ukatoka barani hapa miaka kama milioni tatu iliyopita. Ndugu wa karibu zaidi wa mamothi, hata hivyo, ni tembo wa Asia.

Mzoga ukionekana

Mizoga hujitokeza mahali ardhi inapokatika: kingo za mito, miamba ya pwani ya Aktiki, machimbo ya dhahabu, na mabonde yanayomomonyoka kama lile la Batagaika huko Yakutia, ambalo lilianza kufunguka baada ya msitu kukatwa. Msimu ni Juni hadi Septemba. Hiyo maana yake ni kwamba mzoga huonekana wakati uleule unapoanza kuoza.

Somo la kwanza ni la mwaka 1799. Ossip Shumachov, mwindaji wa Kievenki, aliona bonge la barafu lenye mnyama karibu na mdomo wa Mto Lena. Alikata pembe baada ya miaka michache na kuziuza. Mtaalamu wa mimea Mikhail Adams alipofika mwaka 1806, mbwa mwitu, dubu na mbweha walikuwa wamekula karibu nyama yote. Alichookoa ni mifupa, sehemu kubwa ya ngozi, na kilo kadhaa za nywele zilizookotwa kwenye tope. Mifupa hiyo ipo St. Petersburg hadi leo. Mamothi mzima alitoweka kwa kukosa mtu wa kumfunika.

Kwa hiyo jambo la kwanza ni kufunika. Udongo uleule uliotoka hapo, wenye baridi, urudishwe juu ya sehemu iliyo wazi kwa unene wa nusu mita au zaidi, kisha turubai ya rangi nyeupe. Usivute mguu au mkonga unaochungulia. Ngozi iliyoyeyuka upande mmoja na kuganda upande mwingine huchanika pale pale kwenye mpaka.

Pili ni kumbukumbu, kabla ya koleo lolote: mahali kwa GPS, kina kutoka juu ya tuta, kichwa kimeelekea wapi, mzoga umelalia ubavu gani, picha zenye rula. Chukua pia udongo wa juu, wa chini na wa kandokando, kila mmoja kwenye mfuko wake. Chavua na mbegu zilizomo ndizo zitakazosema palikuwa na nyasi gani na alikufa msimu gani. Watafuta pembe hutumia pampu za maji zenye nguvu kuyeyusha tuta. Hupata pembe, lakini tabaka zote huvurugika, mto hujaa tope, na mfupa unaobaki hauna tena historia.

Wanaomtoa wana njia mbili. Ya kwanza ni kuyeyusha taratibu kwa maji baridi au hewa ya vuguvugu, sentimita chache kwa zamu, na kila kipande kilichotoka kirudishwe kwenye baridi siku hiyo hiyo. Ya pili ni kukata bonge zima la udongo ulioganda. Mamothi wa Jarkov wa rasi ya Taimyr alitolewa hivyo mwaka 1999: bonge la tani 23, likainuliwa kwa helikopta, likawekwa kwenye pango la barafu Khatanga na kuyeyushwa kwa mashine za kukaushia nywele. Watu walitarajia mzoga, wakapata mifupa, nywele na nyama kidogo. Kwa maoni yangu njia hiyo bado ni bora fedha zikiruhusu, kwa sababu mimea na wadudu waliozunguka mzoga walibaki mahali pao.

Mara nyingi hakuna helikopta wala muda. Tarehe 21 Juni 2022, mchimbaji wa dhahabu kwenye kijito cha Eureka, Yukon, Kanada, alifukua ndama wa mamothi mwenye urefu wa sentimita 140 na zaidi ya miaka 30,000. Kazi ilisimamishwa, wataalamu wakaitwa, na ndama akatolewa siku hiyo hiyo. Muda mfupi baadaye dhoruba ya mvua ikapiga pale pale. Wazee wa Tr'ondëk Hwëch'in, wenyeji wa asili wa ardhi hiyo, walimpa jina Nun cho ga. Huyo yuko karibu mzima, ngozi hadi kucha, kwa sababu hakuna aliyesema tutarudi kesho.

Akishatoka, tishu laini zifungwe kwa foili au plastiki safi na kuwekwa nyuzi -18 au chini zaidi. Adui mkubwa hapa ni kuyeyuka na kuganda tena. Kila mzunguko hupasua seli na kuruhusu bakteria kuamka, na friza inayozimika-zimika huharibu kile kilichookolewa. Anayechukua sampuli ya DNA avae glavu, barakoa na kofia, achukue sehemu ya ndani isiyoguswa, na afanye hivyo kabla ya watu kupiga picha na mzoga. Glavu zina sababu nyingine: vijidudu vya kimeta huishi kwenye ardhi hiyo miaka mingi. Mwaka 2016 kimeta kilizuka Yamal, kikaua kulungu zaidi ya 2,000 na mtoto mmoja.

Mifupa na pembe zina shida yake. Zimejaa maji, ukiziweka juani, nje hukauka na kusinyaa, ndani bado kumelowa, na unasikia zikialika. Pembe ndiyo mbaya zaidi kwa sababu imejengwa kwa tabaka zilizochomekana, kwa hiyo hupasuka kwa urefu na kubanduka. Ifungwe kwa nguo yenye unyevu na plastiki yenye matundu machache, iwekwe kivulini penye baridi, ibanwe kwa mikanda, na ikauke kwa miezi. Gundi ya kuimarisha, kama Paraloid B-72 iliyoyeyushwa kwenye asetoni, ipakwe mfupa ukishakauka tu. Kwenye mfupa wenye maji hutoa ukungu mweupe na haishiki. Na kabla ya gundi yoyote, kata sampuli ya umri. Gundi na vanishi zina kaboni, na kaboni hiyo itaingia kwenye hesabu.

Umri

Kipimo cha kawaida ni kaboni-14, ambayo hupungua kwa nusu kila miaka 5,730. Maabara hutoboa mfupa kwa mwendo mdogo ili usipate joto, huchukua nusu gramu hadi gramu moja, huondoa madini kwa asidi hidrokloriki hafifu, huosha uchafu wa udongo kwa alkali, kisha huyeyusha kolajeni kwenye maji ya moto yenye asidi kidogo na kuichuja. Kolajeni ikiwa chini ya asilimia 1 ya uzito wa mfupa, au uwiano wa kaboni na nitrojeni ukiwa nje ya 2.9 hadi 3.6, majibu hayaaminiki. Inayofaa huchomwa, kaboni yake hugeuzwa grafiti, na atomi huhesabiwa kwa mashine.

Kikomo ni miaka kama 50,000. Hapo imebaki kaboni-14 kama mia mbili na arobaini kwa laki moja ya ile ya mwanzo, na uchafu mdogo hupotosha kila kitu: mfupa wa zamani mno ulioingiwa na asilimia 1 tu ya kaboni ya leo utasomeka kama wa miaka 37,000 hivi. Kwa hiyo ukiona "zaidi ya miaka 50,000", soma kwamba kipimo kimefika mwisho. Ndama Yana, aliyetoka Batagaika na kutangazwa mwishoni mwa 2024, kwanza alitajwa kuwa na miaka zaidi ya 50,000. Tabaka alimolala lilipochunguzwa, makadirio yakapanda hadi kama 130,000. Mamothi wa mwisho kabisa waliishi Kisiwa cha Wrangel hadi miaka 4,000 hivi iliyopita, wakati piramidi za Giza zilikuwa zimeshajengwa.

Pembe zinazouzwa mtandaoni

Hili linatugusa moja kwa moja. Biashara ya kimataifa ya pembe za ndovu ilipigwa marufuku na CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, kwa uamuzi wa 1989, lakini mamothi, kwa kuwa ametoweka, hayumo kwenye orodha. Israeli ilipendekeza mwaka 2019 aingizwe, kisha ikaliondoa pendekezo hilo. Mwanya huo unamfaa anayetaka kupitisha pembe ya tembo aliyeuawa mwaka jana kwa jina la mamothi.

Pembe ikikatwa mkato wa kukingama, uso uliosuguliwa huonyesha mistari inayopishana, iitwayo mistari ya Schreger. Angalia ile ya nje tu, inayopakana na ganda. Weka kipande kwenye mashine ya fotokopi, ukitanguliza karatasi ya plastiki ya bluu inayopenya mwanga ili mistari ionekane, kisha kuza picha. Pima kwa protrakta kona tano za mistari hiyo zinazofungukia ndani na tano zinazofungukia nje, utafute wastani. Wastani ukiwa juu ya nyuzi 100 ni tembo. Ukiwa chini ya 100 ni mamothi. Usihukumu kwa kipimo kimoja, kwani vipimo vya kati ya 90 na 115 hutokea kwa wote wawili.

Dalili ya pili ni madoa ya kahawia au bluu-kijani, ambayo ni vivianaiti, madini ya chuma na fosfeti yanayoingia kwenye pembe iliyolala ardhini. Chini ya taa ya urujuanimno (UV) madoa hayo huonekana zambarau iliyokolea. Pembe ya tembo haina madoa hayo. Lakini pembe isiyo na madoa yaweza bado kuwa ya mamothi, kwa hiyo kukosekana kwake hakuthibitishi lolote.

Tatizo ni shanga, pete na vinyago vidogo. Hivyo havina mkato wa kukingama unaotosha wala ganda la nje, na picha ya muuzaji haiwezi kupimwa. Kilichobaki ni maabara ya DNA, yenye gharama kubwa kuliko shanga yenyewe. Mgeni wako akikuonyesha kitu cha namna hiyo, mwambie kwamba karatasi ya dukani iliyoandikwa "mamothi" haitamsaidia uwanja wa ndege wa Kilimanjaro: hapa nchini kukutwa na pembe ya ndovu bila kibali ni kosa la jinai, na kitu kitazuiliwa mpaka kipimwe.